Ukurasa wa Pingamizi

Jumatatu, 14 Januari 1957. Makambako.
Asubuhi ukungu mzito na baridi. Manyunyu hadi saa tatu, kisha jua kidogo.

Nimeanza kazi leo. Naandika mambo kwa mpangilio ili baadaye nisijidanganye. Kwanza: nilimaliza darasa la kumi mwezi uliopita. Pili: chuo cha ualimu kimenipa nafasi, kwa sharti kwamba barua ya Mchungaji wangu kuhusu tabia yangu iwafikie wiki ya kwanza ya Aprili. Isipofika, nafasi anapewa mwingine. Tatu: Padri Alfonsi, wa misheni iliyo njia ya Kitandililo, alitafuta mtu wa kumpigia taipu kitabu chake, nami nilifundishwa taipu shuleni. Nne: Baba ni mzee wa kanisa la Kilutheri kule Yakobi, na bado alikubali. Alisema, "Unakwenda kupiga taipu. Huendi kupiga magoti."

Nakaa kwa Shangazi Kristina, anayewauzia chai na viazi madereva wa malori. Yeye ananiita "Mroma wetu" tangu jana.

Mpishi wa misheni, Mama Telesia, alinipokea mlangoni: "Tumsifu Yesu Kristo!" Sikujua kinachojibiwa. Nikasema, "Ahsante." Alicheka mpaka akaweka sufuria chini.

Padri ni Mpangwa, mwembamba, miwani yake imefungwa kwa uzi, na koti la mvua halivui hata ndani ya nyumba. "Nimeletewa Mbena!" akamwambia Mama Telesia. "Ficha viazi." Nikamrudishia utani kwamba Wapangwa hawana viazi vya kufichwa. Akaniambia kazi nimeipata.

Kitabu ni utangulizi wa falsafa iliyofundishwa zamani katika shule za Kanisa huko Ulaya. Anawaandikia walimu na makatekista wanaojua Kiswahili na hawajui Kilatini. Kurasa nne leo. Makosa sita.

Jumanne, 15 Januari.
Mvua kutwa. Kurasa tano. Makosa mawili.

Ijumaa, 18 Januari.
Asubuhi angavu, upepo. Mvua saa nane.

Sura ya kwanza ni ya sababu nne. Padri aliweka kigoda mezani juu ya karatasi zangu akauliza kwa nini kigoda hiki kipo. Nilisema kwa sababu fundi alikichonga. Akasema hilo ni jibu moja, yamebaki matatu. Kimetokana na nini? Mti. Ni nini kinachokifanya kiwe kigoda, kisiwe mchi wala mzinga? Umbo lake. Ni kwa ajili ya nini? Kukalia. Fundi, mti, umbo, kusudi. Ukiacha moja hujakieleza.

Jambo dogo tu. Lakini nilipokuwa narudi nilijikuta nauliza maswali manne kwa kila nilichokiona: daraja, jembe, mwavuli wa mwalimu aliyenipita, pareto iliyoanikwa. Nilifika kwa Shangazi nimechelewa na viatu vimejaa maji.

Jumanne, 22 Januari.
Mvua. Utepe wa taipu umekwisha, tunasubiri mwingine kutoka Iringa.

Jumanne, 29 Januari.
Asubuhi ukungu uliochelewa kuondoka. Mchana mkavu.

Naandika taratibu, maana nataka niikumbuke siku hii sawasawa.

Padri alisema, "Tabea binti Lameki, nieleze nyumba utakayojenga ukishakuwa mwalimu." Nikamweleza: vyumba vitatu, bati, madirisha manne yenye vioo, baraza inayotazama mashariki, jiko lenye bomba la moshi. Alinihoji hadi rangi ya milango. Kisha akasema, "Nimeiona yote. Sasa niambie, ipo?"

"Haipo, Padri."

"Katika maelezo yako umesahau nini?"

Nilifikiri. Sikuwa nimesahau kitu.

"Basi kuwapo si dirisha la tano," akasema. "Unaweza kukieleza kitu chote, kila pembe, na maelezo yasikupe kuwapo kwake. Nyumba yako haina kuwapo. Kikombe hiki kinako. Kuwapo huko kimekupata wapi? Na nani anakipa sasa hivi, wakati sisi tunakitazama?"

Nikasema aliyekipa ni mfinyanzi. Akasema mfinyanzi alikipa umbo akaenda zake, pengine amekwisha kufa. Yeye anauliza juu ya sasa hivi. Kisha akaenda kusali sala yake ya saa ile akaniacha na kikombe.

Njiani nilipita kwenye mianzi ya mzee mmoja anayegema ulanzi, pombe ya mianzi. Alikuwa anakata ncha za machipukizi kwa kisu, kipande chembamba kama ukucha, na chini ya kila ncha amening'iniza kopo la mwanzi. Tone, kimya, tone. Nikauliza kwa nini anakata kila siku asubuhi na jioni. "Nikiacha siku mbili tu linajifunga, halitoi tena," akasema. Akanipa mtogwa, ule mtamu wa leo leo ambao hata watoto hunywa. Nikanywa nimesimama, na hapo nikaelewa. Kopo linajaa kwa sababu linapewa, na halijawahi kuwa na utamu wake lenyewe. Mianzi, mzee, kisu, mimi, kilima cha nyuma yake, hakuna hata kimoja kilicholazimika kuwapo. Vyote vinapewa. Tone, tone, sasa, na sasa tena.

Niliogopa kukanyaga nyasi. Naandika hivyo ingawa najua Shangazi angesema nina homa. Miaka kumi ya shule nimejifunza vitu ni nini. Leo kwa mara ya kwanza nimeshangaa kwamba vipo.

Jumanne, 5 Februari.
Mvua kubwa tangu alfajiri.

Paa la nyasi la jikoni misheni limeoza mahali pamoja na linavuja. Mama Telesia alikuja ofisini akiwa amelowa bega. Sasa, Padri ana sheria aliyoitoa kwenye shule hizo za zamani, na anawafundisha makatekista kila Alhamisi: huruhusiwi kumjibu mwenzako kabla hujasema hoja yake wewe mwenyewe, vizuri kuliko alivyoisema, mpaka yeye akiri, "Ndivyo nilivyosema." Mama Telesia ameishi na sheria hiyo miaka saba na anaitumia kama mwiko.

"Padri, unasema hivi," akaanza. "Unasema nyasi za kuezekea hazipatikani kabla ya Mei. Unasema mafundi wako mashambani. Unasema tundu ni dogo. Na unasema jana ulikula maharage yaliyoingia maji ukanyamaza, kwa hiyo na mimi ninyamaze."

"Hilo la mwisho sikulisema."

"Lakini ulilifikiri."

Padri akatazama chini. "Nililifikiri."

"Basi nijibu!" akasema Mama Telesia, akaenda kupakua.

Nilicheka, lakini nimeandika sheria hiyo kwenye jalada la daftari hili.

Jumatatu, 11 Februari.
Manyunyu. Kurasa saba bila kosa.

Alhamisi, 14 Februari.
Asubuhi baridi kali, mkono unakufa ganzi kwenye taipu.

Sura ya tano inauliza kama Mungu yupo. Mpangilio wa swali katika falsafa hii ni huu: huanza na upande wa wanaopinga. Ukurasa wa kwanza wote ni wao, na huandikwa kana kwamba mwandishi yuko nao. Kisha ndipo linakuja neno "Najibu".

Padri alinisomea pingamizi alilolitoa katika kitabu chake cha Kilatini, kwamba kama wema usio na mwisho ungekuwapo, ubaya usingepata pa kukaa. Akauliza limenifanya nini. Nikasema halijanifanya kitu.

"Hata mimi," akasema. "Limezoeleka. Pingamizi lisilouma halistahili jibu. Nitafutie linalouma."

Nikamwambia habari za Idda. Sijui kwa nini nilimwambia. Mdogo wangu alikuwa na miaka tisa. Baba alisahau kitabu chake cha nyimbo kanisani, akamtuma akifuate, naye Baba akabaki nyumbani akiongoza sala ya jioni. Mvua ilikuwa imenyesha milimani. Gogo la kuvukia mto liliteleza. Walimpata siku ya pili, chini sana. Mwaka huu inatimia miaka sita, na nyumbani hatulitaji jina lake.

Padri alifunga kitabu cha Kilatini. Kisha akauliza, "Naweza kuliweka, bila jina?" Nikasema ndiyo. Nilisema upesi.

Jumamosi, 16 Februari.
Ukungu. Mvua mchana.

Nimepiga ukurasa huo. Naunakili hapa:

"Inaonekana kwamba Mungu hayupo. Kwanza: kila jambo la dunia lina sababu yake ndani ya dunia, mvua kwa mawingu, mmea kwa mbegu, na haihitajiki nyingine. Pili: kama wema usio na mwisho ungekuwapo, ubaya usingepata pa kukaa. Lakini mtoto wa miaka tisa alitumwa na baba yake kufuata kitabu cha nyimbo. Alitii. Gogo liliteleza, mto ukamchukua. Hakutenda ubaya, hakutumwa kwa ubaya, na aliyemtuma alikuwa anasali. Kwa hiyo Mungu hayupo."

Nakala ya kwanza iliharibika, karatasi ilikaa upande, nikapiga nyingine. Nikauliza jibu liko wapi nilipige pia. Padri akasema hajaliandika. Huacha pingamizi likae mezani wiki kadhaa. "Ukilijibu siku ileile, hukulisikiliza."

Jumamosi, 23 Februari. Yakobi.
Mvua njia nzima kutoka Makambako hadi Njombe, basi lilikwama mara mbili.

Nimekuja kuwaona wazazi. Nimewaletea chumvi, majani ya chai na sabuni, nimevifunga kwa karatasi zilizoharibika, maana karatasi ni adimu na Mama huzitumia kuwashia moto. Mama amenikuta nimekonda. Baba ameuliza kazi ikoje nikasema ni nzuri. Nilitamani kumwambia habari za kopo la mianzi, sikujua pa kuanzia.

Jumanne, 5 Machi. Makambako.
Mvua.

Barua ya Baba imeletwa na dereva. Mistari miwili: "Njoo Jumamosi. Baraza la wazee linakuita." Hajaandika "mwanangu".

Jumamosi, 9 Machi. Yakobi.
Asubuhi mawingu meusi bila mvua. Mvua ilianza tulipokuwa ndani.

Niandike kwa mpangilio.

Baba husoma kila karatasi iliyoandikwa. Mama alipofungua chumvi, Baba aliinyoosha karatasi juu ya goti akaisoma. Ilikuwa ile nakala iliyoharibika. Hakusema neno kwa siku tatu, Mama anasema, wala hakula vizuri. Siku ya nne, kwa kuwa yeye ni mzee wa kanisa na hawezi kuficha jambo la nyumba yake, aliipeleka mwenyewe kwa Mchungaji Efraimu.

Walikuwa sita kwenye chumba cha nyuma ya kanisa. Mzee Enoki, mmoja wao, alisoma karatasi kwa sauti. Aliposema "Inaonekana kwamba Mungu hayupo," mmoja alifunga dirisha, kana kwamba maneno yangetoka nje. Aliposoma juu ya mtoto, sauti yake ilipungua. Wote walijua ni nani. Baba alikuwa anatazama kofia yake.

"Ni wewe uliyepiga haya?" Mchungaji akauliza.

"Ni mimi, Mchungaji. Lakini huo ni ukurasa wa pingamizi. Wanaanza na maneno ya mpinzani, halafu wanajibu. Jibu liko ukurasa wa pili."

"Vizuri. Tupe ukurasa wa pili."

"Bado haujaandikwa."

Wakatazamana. Mzee Enoki akaiweka karatasi mezani taratibu. "Ndugu zangu, sikieni. Ukurasa wa kukana umepigwa taipu, safi, una hata nukta. Ukurasa wa kukiri bado. Huyu ndiye tunaombwa tumwandikie barua akawafundishe watoto wetu."

Nilitaka kujibu, nikakumbuka maneno yaliyo kwenye jalada la daftari. Nikasema, "Mzee Enoki, unasema hivi. Mtoto akisoma ukurasa wa kwanza na asifike wa pili, ameachwa msituni. Mwalimu anayeweza kuandika vizuri namna hii upande wa kukana, huenda moyo wake uko huko. Na unasema jambo lililo kubwa zaidi, kwamba msiba wa watu umechukuliwa ukafanywa hoja, bila wenye msiba kuulizwa."

"Ndivyo nilivyosema," akasema Mzee Enoki, ameshangaa. Kisha akaongeza, "Hilo la tatu sikulisema. Lakini ni kweli."

Ni kweli. Na aliyeuchukua msiba huo si Padri. Ni mimi.

Mchungaji Efraimu ameamua hivi: Jumamosi ya tarehe 30 baraza litakaa tena. Nikileta ukurasa wa pili, na wakiona ni kukiri, ataandika barua siku hiyohiyo. Nisipouleta, hawezi kuandika, "na hapo, mwanangu, nitasikitika kwa kweli."

Jumapili, 10 Machi.
Manyunyu asubuhi yote.

Baba alinisindikiza hadi barabarani. Alitembea mbele. Tulipofika darajani (sasa ni daraja la mbao, lilijengwa mwaka uliofuata) alisimama.

"Pale kwenye 'aliyemtuma alikuwa anasali'," akasema. "Ni wewe uliyeyasema hayo au ni Padri?"

"Ni mimi, Baba. Nisamehe."

Alitazama maji mpaka nikaanza kulia. "Sijasema ni uongo," akasema. Akanipa mfuko wangu, akageuka.

Miaka yote nimedhani Baba hana swali. Nilidhani kunyamaza kwake ni imani ya namna ya wazee, ambayo haiulizi. Nimeanza kudhani nimekaa na mtu nisiyemjua.

Jumanne, 12 Machi. Makambako.
Mvua. Nimemwambia Padri yote. Amefunika uso kwa mikono. Hajaandika.

Ijumaa, 15 Machi.
Mvua. Hajaandika. Shangazi ameniambia nikajiandikie mwenyewe jibu, "kwani nani atajua?"

Jumatatu, 18 Machi.
Mvua na mawe. Kaandika mistari mitatu, akaifuta.

Alhamisi, 21 Machi.
Mvua. Barabara ya Njombe imekatika, wanasema itatengenezwa. Hajaandika.

Jumanne, 26 Machi.
Asubuhi giza kama jioni. Mvua kubwa kuliko zote za mwaka huu.

Leo nilikasirika. Nilisimama mbele ya meza yake nikasema zimebaki siku nne, na kama hawezi kulijibu asingeliandika.

Alivua miwani. "Unasema hivi. Padri ana dari juu yake na hakuna atakayemvua upadri kwa kuchelewesha ukurasa. Mimi nina siku nne. Anakaa na subira yake, na gharama nalipa mimi. Tena alichukua kifo cha mdogo wangu aitie hoja yake nguvu, sasa hoja imekuwa na nguvu kuliko yeye, na anaiogopa. Ndivyo?"

"Ndivyo. Hilo la mwisho sikulisema."

"Lakini ulilifikiri. Sasa wewe, nisemee mimi."

Sikutaka. Lakini ndiyo sheria. Nikasema, "Unasema hivi. Majibu yaliyo tayari yako kwenye kitabu cha Kilatini, unaweza kuyanakili kabla ya chai. Lakini atakayeyasoma ni Baba. Na jibu la haraka, kwa Baba, litakuwa ni kumwambia anyamaze. Ameshanyamaza miaka sita."

"Ndivyo nilivyosema," akasema Padri, na nikaona macho yake yamelowa.

Hapo Mama Telesia akapiga kelele kutoka jikoni: "Ninyi wenye falsafa! Njooni mshike karai!"

Tukakimbia. Lile tundu la Februari lilikuwa limepanuka, maji yanamwagika kama kutoka mtungini. Nilishika karai upande mmoja, Padri upande mwingine, na yeye akawa anatazama juu, maji yanampiga kwenye miwani, hasogei.

"Tabea. Kile ni nini?"

"Ni tundu, Padri."

"Limetengenezwa kwa nini?"

"Halijatengenezwa. Nyasi zimeoza zikaondoka."

"Nani alilileta hapa na kuliweka?"

"Hakuna. Lilitokea pale paa lilipopungua."

"Basi si kitu," akasema polepole. "Lina ukingo, na ukingo ni wa paa. Ukiondoa paa lote, na tundu nalo halipo."

"Si kitu!" Mama Telesia akasema. "Si kitu? Weka kichwa chako hapa, Padri, uone kama si kitu!"

Padri akamtazama kama mtu aliyeitwa kwa jina lake. Akaniachia karai lote zito mkononi, akaenda ofisini akidondosha maji sakafuni.

Nilisimama pale na karai nikitazama juu. Kupitia tundu nikaona wingu linakwenda upesi.

Alhamisi, 28 Machi.
Mvua imepungua. Jua saa sita kwa dakika chache.

Ukurasa wa pili umekuja. Nimeupiga mara moja, bila kosa. Nanakili sehemu ya kati:

"Najibu: ubaya hauna kuwapo kwake wenyewe. Ni pengo mahali ambapo wema ulipaswa kuwa, kama tundu katika paa. Mungu hakuumba kitu kiitwacho ubaya. Hatusemi hivi ili kuufanya mdogo, maana kupitia tundu mvua yote huingia, na aliye chini yake hulowa kweli. Lakini ukubwa wa pengo hupimwa kwa kile kilichokuwapo. Mahali ambapo hapakutolewa kitu, hapana pengo. Anayelia, kwa kulia kwake, ameshuhudia kwamba alipewa. Kwa nini tundu liko hapa na si pale, mimi sijui. Naye anayesema anajua, namwomba kwanza akakae na aliyefiwa."

Na kwa pingamizi la kwanza amejibu kwa mfano wangu wa mianzi, niliomsimulia: kopo humimina kwenye kopo, lakini yakiwa makopo matupu, hata elfu, hakuna tone.

Jumamosi, 30 Machi. Yakobi.
Asubuhi ukungu chini, jua juu yake.

Basi halikupita. Nimefika Njombe jana juu ya lori la magome ya miwati, yale ya kulainishia ngozi, na nguo zangu zote zinanuka ngozi mbichi.

Nilisoma ukurasa wa pili mimi mwenyewe, nimesimama. Nilipomaliza Mzee Enoki akasema, "Tundu katika paa. Mtoto wa watu ni paa?" Mwingine akasema kwamba Mroma ameandika wazi hajui, sasa hilo ni jibu la namna gani. Mchungaji Efraimu hakusema upande wowote. Akamgeukia Baba. "Mzee Lameki. Ni nyumba yako na ni msiba wako. Wewe unasemaje?"

Baba alisimama. Nilidhani atasema maneno mawili.

"Nataka kwanza niseme walichosema wao," akasema. "Binti yangu hufanya hivyo. Wanasema Mungu hakutengeneza kitu cha kumwua Idda." Alilitaja jina. Miaka sita, na alilitaja. "Wanasema pale hapana kitu, ila pengo. Miaka hii yote nimekuwa nikitafuta kitu cha kuchukia. Nimejaribu gogo. Nimejaribu mto. Nimejaribu Mungu, ndugu zangu, mnisamehe, na mimi mwenyewe nimejaribu zaidi. Kila nikishika, mkono unatoka mtupu. Nilidhani mkono wangu ndio mbovu."

Aliweka kofia yake mezani.

"Haijanitosha," akasema. "Yule Padri hajui kwa nini siku ile, na mimi sijui, na wewe Enoki hujui. Lakini aliyeandika hivi hamkani Mungu. Hakuna anayelia chini ya tundu mahali ambapo hapakuwa na paa. Mimi nililia. Ukurasa wa kwanza ni wangu, Mchungaji. Nimeusali kila jioni bila kutoa sauti. Kama binti yangu ana hatia kwa kuupiga taipu, mimi nina hatia miaka sita, na kiti cha mzee wa kanisa nimekikalia."

Mzee Enoki aliinuka. Nilidhani anatoka. Akaenda kukaa upande ule Baba aliokuwa amekaa, karibu yake, akasema, "Kaa, ndugu yangu."

Mchungaji Efraimu aliandika barua hapohapo. Alidondosha wino, akaanza upya. Ninayo.

Jumapili, 31 Machi.
Asubuhi safi, ya kwanza bila wingu tangu Januari.

Baada ya ibada Baba aliniita nyuma ya ghala. Alikuwa na kitu kimefungwa kwa kitambaa cha rangi ya udongo. Nilikijua kitambaa. Kilikuwa cha Idda, cha kujifunga kichwani.

Ndani kulikuwa na kitabu cha nyimbo. Sote tulidhani kilikwenda na maji.

"Nilikipata jioni ileile, kabla hatujampata yeye," akasema. "Ng'ambo ile, ukingoni, juu, kwenye majani. Alikifunga vizuri. Gogo lilipoanza kuteleza alikirusha ili kisilowe. Kitabu changu. Tazama."

Nilikifungua. Kurasa zilikuwa kavu, nyeupe, kana kwamba zimenunuliwa jana. Tangu siku ile Baba hajaimba nacho. Kumbe ndiyo maana huimba kwa kichwa.

"Mama yako hajui. Nitamwambia leo," akasema. "Na mwambie Padri amesahau moja. Kuna la tatu. Aliandike."

Aliniambia maneno, nikayaandika kwenye mkono wangu kwa kuwa sikuwa na karatasi, na yeye alingoja kila neno, kama makatekista wa Alhamisi.

Jumanne, 2 Aprili. Makambako.
Asubuhi ukungu mwepesi. Mchana mkavu.

Barua nimeipeleka posta ya Njombe jana, mwenyewe, na nimeona ikigongwa muhuri.

Leo nilimsomea Padri maneno ya Baba. Mama Telesia alikuwa mlangoni na mwiko, akaketi kwenye kile kigoda cha sababu nne. Padri aliniomba nisome tena. Kisha akasema, "Yapige kama yalivyo. Na chini yake acha nusu ukurasa wazi."

"Utajibu lini, Padri?"

"Sijui kama ni mimi nitakayejibu." Alisema hivyo kwa sauti ya mtu aliye kanisani.

Nimeyapiga. Ni mistari miwili tu: "Tatu: mtoto alikitupa kitabu ukingoni, nacho kilirudi kikavu. Basi palikuwa na mkono wa kuokoa kitabu, na mkono huo ulikuwa wa mtoto."

Nilipotoa karatasi kwenye mashine niliitazama muda mrefu. Sijui kama hili ni pingamizi au ni jibu. Baba mwenyewe, nilipomwuliza, alisema hajui, ndiyo maana anataka liandikwe. Chini yake ni weupe mtupu hadi mwisho wa ukurasa, na weupe huo nao upo, na haukulazimika kuwapo.

Shangazi amenizimia redio. Nje hakuna mvua, nasikia matone ya mwisho kutoka kwenye majani, moja, na jingine. Nalala sasa, saa nne na dakika kumi.